Ramani ya Seti Ni Bajeti Iliyochorwa

Hotuba kwa vijana wanaohitimu ubunifu wa seti za televisheni, imenyooshwa kidogo kwa ajili ya kusomwa

Walimu wangu, mafundi wenzangu, na ninyi vijana mliopokea vyeti leo mikono ikiwa bado na madoa ya rangi: hamjambo.

Nimeombwa nizungumzie safari yangu. Nilibuni seti za tamthilia za televisheni kwa miaka kumi na tisa, na sasa ni mwaka wa kumi na moja nikiwa mtayarishaji, yule anayebeba fedha na ratiba. Kila ninapotambulishwa hivyo hatakosekana mtu wa kunivuta pembeni na kuniuliza kwa sauti ya chini, kama anayenipa pole: "Kwa hiyo sanaa uliiacha?" Jibu ninalo, lakini linaanzia kwenye mlango.

Ulikuwa mlango wa jikoni. Nilikuwa mwaka wa pili kazini, msaidizi wa mbunifu, na jiko lile lilikuwa seti ya kwanza niliyoachiwa niichore peke yangu. Nililipenda mno. Nilichagua vigae kimoja kimoja, nikachakaza ukuta juu ya meko uonekane umekula moshi wa miaka, nikapanga masufuria kwa kufuata mkono wa mama ambaye kwenye hadithi anatumia mkono wa kushoto. Asubuhi ya kurekodi, mwigizaji akausukuma mlango aingie na habari ya msiba, na ubao ukamfunika uso. Bawaba nilikuwa nimeziweka upande usiofaa. Kamera ilikuwa kulia, na mlango ukafungukia kulia huko huko. Sekunde ile ambayo mtazamaji alipaswa kumwona mtu usoni, aliona mbao.

Yaliyofuata mnayajua: kung'oa fremu, kuigeuza, kuziba matundu ya bawaba za zamani, kupaka rangi, kungoja rangi, kisha mpiga picha kupanga taa upya kwa sababu kivuli kimehama. Saa tatu zikapita. Mtayarishaji wetu alikuwa mzee mtulivu. Hakunifokea. Alikaa juu ya sanduku la vifaa, daftari magotini, akawa anaandika. Jioni akaniita akanionyesha ukurasa. Mstari wa kwanza ulikuwa wa mbao na bawaba, fedha kidogo sana. Mstari wa pili ulikuwa wa watu sabini waliosimama saa tatu. Ukizijumlisha, zilizidi gharama ya jiko zima pamoja na vigae vyangu na masufuria yangu. Akaniambia, "Mwanangu, leo hukuchora mlango. Ulichora saa tatu."

Usiku ule nililia, nasema kweli. Lakini nilipoamka, ramani zote nilizokuwa nazo mezani zilikuwa zimebadilika. Tunafundishwa kwamba ramani ya seti ni picha ya mahali, na ndivyo ilivyo. Ila kila mstari ndani yake ni seremala kwa saa kadhaa, ni lori, ni nafasi studioni ambayo kesho haitapatikana kwa seti nyingine. Ukuta ulioufunga kabisa ni taa moja isiyoweza kuingia. Ukuta ulioupa magurudumu, ukahamishika, ni kamera inayopata pa kurudi nyuma na mwongozaji asiyelazimika kubadili lenzi. Ramani ya seti ni bajeti iliyochorwa kwa penseli. Mwenye kuisoma hivyo ameshaanza utayarishaji, hata kama jina lake kwenye orodha bado liko chini ya idara ya sanaa.

Angalieni kazi yetu inavyoanza. Skripti ikifika, mwigizaji hutafuta maneno yake. Mtu wa mavazi hutafuta watu. Mbunifu hana njia ya mkato, yeye huisoma yote, maana hakuna sini, yaani tukio moja la hadithi, inayotokea pasipo mahali. Tunaichambua moja moja: ndani au nje, mchana au usiku, wapi, kurasa ngapi. Urefu tunaupima kwa vipande vya nane vya ukurasa, na kwa makadirio ya kazi ukurasa mmoja ni kama dakika moja ya kipindi. Tamthilia ya televisheni inayokwenda vizuri hurekodi kurasa tano, sita, pengine nane kwa siku. Sasa chukueni sini ya vipande viwili vya nane, robo ukurasa, ndani ya ofisi ambayo hatutairudia tena. Ni sekunde kumi na tano za kipindi, nazo zinataka kuta tatu, dari, samani na wiki ya mafundi. Wa kwanza kuliona jambo hilo ni ninyi, mkiwa peke yenu na kalamu yenu ya rangi, kabla mtayarishaji hajapata hata jedwali.

Na mkishaliona, msinyamaze. Hapa ndipo ninapotaka kukaa kidogo.

Niliwahi kupewa skripti ya vipindi sita yenye mahali thelathini na moja tofauti. Mwandishi alikuwa hodari, na wala hakuwa mwenye fujo, ni kwamba karatasini kuhama chumba hakumgharimu mtu kitu. Ndani yake kulikuwa na sini tatu zinazofuatana hospitalini: mama anangoja kwenye chumba cha kungojea, anatembea ukumbini, kisha anaingia ofisini kwa daktari na kuambiwa habari ya mwanawe. Seti tatu. Ningeweza kuzijenga tatu dhaifu. Nilimfuata mwandishi nikiwa na ramani moja tu, ya ukumbi mrefu wenye benchi, nikamuuliza: je, kama daktari anamkuta pale pale, amwambie mbele ya wageni wasiomjua, halafu wale wageni wainuke mmoja mmoja wamwachie benchi lote? Mwandishi alikaa kimya muda mrefu. Sini aliyoirudisha wiki iliyofuata ndiyo watu wanayonitajia hadi leo nikitaja tamthilia ile. Fedha za seti mbili tulizoziacha zilikwenda kwenye ukumbi huo: ukapata urefu wa kutosha mama aonekane mdogo, na dari halisi iliyomwinamia.

Siku ile sikuwa na cheo cha utayarishaji. Nilikuwa na ramani na swali. Thelathini na moja zikawa kumi na mbili kabla hatujapigilia msumari.

Fani yetu ina historia ndefu ya jambo hili, na inanisikitisha kwamba hatuwasimulii vijana vya kutosha. Cheo chenyewe cha mbunifu mkuu wa filamu nzima kilipata umaarufu mwaka 1939, mtayarishaji David O. Selznick alipompa William Cameron Menzies kibali cha kuamua sura ya Gone with the Wind tangu mwanzo hadi mwisho, na Menzies akaichora filamu picha kwa picha kabla haijarekodiwa. Desemba 1938, sini ya moto ilipohitajika, zilichomwa seti kuukuu zilizokuwa zimesimama kwenye uwanja wa studio, kamera zikiwa zinazunguka. Hebu lifikirieni kama wabunifu. Kwa tendo moja wamepata moto mkubwa, na wamepata kiwanja kitupu cha kujenga seti mpya, ambacho kwa vyovyote kilipaswa kusafishwa. Wazo kama hilo mtaliweka kwenye idara gani, sanaa au utayarishaji?

Kwenye televisheni mfano ninaoupenda zaidi ni wa mwaka 1951. Mwigizaji Desi Arnaz na wenzake walitaka kurekodi kipindi cha vichekesho, I Love Lucy, kwa mkanda wa filamu, mbele ya hadhira, kwa kamera tatu kwa pamoja. Seti zikapangwa ubavu kwa ubavu zikitazama viti vya watu, na mpiga picha Karl Freund akaning'iniza sehemu kubwa ya taa juu, ili kamera zihame bila kungoja taa zipangwe upya. Ule mpangilio wa sakafu ndio uliowezesha kipindi kizima kurekodiwa jioni moja. Na kwa kuwa kilikuwa kwenye filamu, kikaweza kurudiwa na kuuzwa tena kwa miaka mingi. Hadi leo mkiona vichekesho vya familia vyenye sebule isiyo na ukuta wa mbele, mnaangalia uamuzi ule.

Star Trek, tamthilia ya safari za angani ya mwaka 1966, nayo ilikwama kwenye swali la fedha: chombo kikubwa cha angani kitatuaje kila wiki kwenye sayari mpya? Kukionyesha kikitua kungewamaliza. Ndipo ikatumika mashine ya kumfanya mtu ayeyuke hapa na kutokea kule. Matt Jefferies, aliyechora chombo chenyewe, alikuwa rubani kabla ya hapo, na alichora kama mtu anayejua kwamba kila kitu ndani ya chombo kitahitaji kufikiwa na fundi. Baadaye vijia vya ukarabati ndani ya chombo hicho vikaitwa kwa jina lake. Wengi wetu tunaikumbuka ile mashine kama ndoto ya wakati ujao. Ilizaliwa na jedwali la gharama, na haikupungukiwa uzuri kwa sababu hiyo.

Ridley Scott mnamfahamu kwa filamu zake. Alianza kazi BBC miaka ya mwanzo ya 1960 kama mbunifu wa seti, akitokea chuo cha sanaa cha London. Akaongoza, mwaka 1968 akaanzisha kampuni na mdogo wake Tony, na miongo mingi baadaye alikuwa mmoja wa watayarishaji wakuu wa The Good Wife, tamthilia iliyokwenda misimu saba kuanzia 2009. Na bado huchora picha za kamera kwa mkono wake mwenyewe.

Lakini ninayemrudia mara nyingi ni Polly Platt. Alizaliwa 1939, akafariki 2011. Alikuwa mwanamke wa kwanza kupokewa kama mbunifu mkuu katika chama cha wabunifu wa seti wa Hollywood, akabuni filamu za The Last Picture Show na Paper Moon, akateuliwa kuwania Oscar kwa filamu ya Terms of Endearment. Kisha akavuka upande wa pili na kufanya kazi ya utayarishaji pamoja na mwongozaji na mtayarishaji James L. Brooks. Kuna jambo moja alilofanya ambalo halikuwa na seti wala kamera: alimpa Brooks kibonzo kilichochorwa na Matt Groening. Kutokana na mlango huo uliofunguliwa, mwaka 1987 vikaanza vile vipande vifupi vya katuni vilivyokuja kuwa The Simpsons. Mnaona alichokifanya? Aliangalia mchoro wa mtu mwingine, akaona ndani yake kitu ambacho hakijajengwa, akaupeleka kwa mwenye uwezo wa kuujenga. Mimi sijaona maelezo bora ya kazi ya mtayarishaji kuliko tendo hilo moja, na nina hakika ni jicho la mbunifu lililomwongoza.

Nami nilivukaje? Hapakuwa na sherehe. Tamthilia moja niliyoibuni ilikaukiwa na fedha vipindi vinne kabla ya mwisho. Kampuni iliyotuajiri ilikuwa imelipia seti kubwa ya jumba ambayo nusu yake haikuonekana hata mara moja. Niliomba siku mbili. Nikalikata lile jumba kwenye ramani, kuta zake nikazigeuza kuwa kituo cha polisi, darasa na ofisi ya wakili, kwa kubadilisha madirisha, rangi na upande wa kamera. Sikuandika barua, nilipeleka michoro mitatu na ukurasa mmoja wa tarakimu. Tulimaliza vipindi vyote vinne. Msimu uliofuata wakaniita kwenye kikao cha bajeti tangu siku ya kwanza, na sikutoka tena.

Kutafuta fedha ni kazi ngumu na sitawachosha nayo. Mtu hujifunza kwa kukataliwa. Kilichonielemea kilikuwa kitu kingine: mikono yangu. Katika tamthilia yangu ya kwanza kama mtayarishaji nilimwajiri mbunifu kijana mwenye kipaji kikubwa. Kila jioni, watu wakiondoka, nilipita kwenye seti zake. Nikasogeza kiti. Nikabadilisha pazia. Usiku mmoja nikachukua brashi nikachakaza kona ya ukuta niliyoona ni safi mno. Asubuhi akanifuata ofisini, amesimama wima, machozi yako karibu, akasema: "Dada, kama kazi ni yako niambie, niondoke kwa amani. Ile kona niliiacha safi kwa sababu yule baba huifuta kila siku. Iko kwenye skripti, ukurasa wa arobaini na moja."

Nilifungua ukurasa wa arobaini na moja. Ilikuwepo.

Nilimwomba radhi mbele ya idara yake yote, kwa sababu nilimkosea mbele ya idara yake yote. Tangu siku hiyo siingii kwenye seti jioni bila mbunifu. Nikiwa na wasiwasi namuuliza swali, na naliuliza mapema, wakati bado ni penseli. Mbunifu aliyegeuka mtayarishaji anaweza kuwa bosi mgumu kuliko yeyote, kwa sababu anajua vya kutosha kuingilia kila kitu. Mkifika huko, na wengi wenu mtafika, mchungeni sana mkono wenu.

Ila kuna mahali pa kuingilia bila kuona haya, napo ni kwenye ratiba na mikataba. Miaka kumi na tisa niliwaona wapaka rangi wakifanya kazi usiku kucha kwa sababu mtu fulani mwenye jedwali alisahau kwamba rangi hukauka kwa wakati wake. Niliwaona wakilala juu ya maturubai, saa moja, kisha waamke wakabidhi seti wakiwa na macho mekundu. Leo kwenye kila ratiba ninayoiidhinisha kuna siku, kati ya kumaliza kupaka na kuingiza taa, isiyo na kazi yoyote. Imeandikwa tu: rangi inakauka. Kila msimu mtu huiona nafasi ile tupu na kutaka kuijaza. Namkatalia kila msimu.

Kuhusu mikataba, nitawaambia habari ya Raymond Cusick. Ni mbunifu wa BBC aliyewapa sura Dalek, wale viumbe wa tamthilia ya kisayansi Doctor Who walioonekana mara ya kwanza Desemba 1963. Kazi ile iliwahi kupangiwa Ridley Scott, ratiba ikamzuia, ikaenda kwa Cusick. Sura aliyoichora ikauzwa kama vitu vya kuchezea kila kona. Mwandishi, Terry Nation, alikuwa na sehemu ya haki na akanufaika. Cusick alikuwa mwajiriwa, na kwa mujibu wa ajira yake alichopata ni malipo madogo ya shukrani. Sheria haikuvunjwa. Ndiyo maana inauma: yote yalikuwa yameshaamuliwa kwenye karatasi kabla penseli haijagusa mchoro. Someni karatasi zenu. Mimi kwenye mikataba ya wabunifu wangu naweka kifungu kinachosema umbo walilobuni likiuzwa nje ya kipindi nao wapate sehemu, na nimeshapoteza mfadhili mmoja kwa kifungu hicho. Nitapoteza na mwingine.

Mnaingia kazini wakati mzuri. Tangu tamthilia ya The Mandalorian ya mwaka 2019 iwaonyeshe watu kuta kubwa za skrini za LED zinazobeba mandhari nyuma ya mwigizaji wakati ule ule wa kurekodi, sehemu kubwa ya kazi iliyofanywa baada ya kurekodi imehamia kabla. Jangwa, mji, anga la jioni, vyote lazima viwe tayari siku kamera inapowashwa. Huwezi tena kusema "tutarekebisha baadaye." Maana yake ni kwamba mbunifu anaitwa mezani miezi kadhaa mapema, pale pale ambapo fedha zinagawanywa na hadithi bado ni laini. Kiti kipo. Msiende mkakikalia kama wageni walioletwa kupamba ukuta. Nendeni na ramani, na pembeni ya ramani muwe na tarakimu mlizozipiga wenyewe.

Kwa hiyo ndugu yangu unayeniuliza kama sanaa niliiacha: asubuhi ya leo, kabla sijaja hapa, nilikuwa napunguza mahali ishirini na nne ziwe kumi na tano, na nimekwama kwenye kumi na saba.

Nimekuja na zile ramani. Ziko kwenye meza ya nyuma, pamoja na karatasi zake za gharama na skripti ya kipindi cha kwanza. Kuna sini mbili ambazo sijaona namna ya kuziunganisha bila kumdhulumu mwandishi. Tuna saa moja kabla ya chakula. Mwenye penseli aje nayo.